Hapo Tu Ni Ngapi?

Katika ukumbi wa ofisi yetu mjini Moshi kulikuwa na benchi la tarishi, na katika miaka yote niliyofanya kazi pale sikumwona tarishi wetu akilikalia hata mara moja. Walilikalia wenye shida zao waliokuja kumwona bwana mkubwa, wakalikalia wauza mayai na watu waliokimbia mvua. Yeye alisimama. Alisubiri barua zigongwe mhuri akiwa amesimama, alikunywa chai akiwa amesimama, na siku moja alipokuja na homa inayomtetemesha magoti aliegemea ukuta mpaka mchana, akatushinda.

Mimi nilikuwa mpiga chapa. Dirisha langu dogo lilitazama ukumbini, na mtu anayekwenda na kurudi mbele ya macho yako saa nzima hukukosesha herufi.

"Mzee, si ukae kidogo? Unanizungusha kichwa."

"Nikikaa, mwanangu, nitasahau nilipoishia."

Nitamwita Tarishi, maana ndivyo mji mzima ulivyomwita. Jina lake nalijua, nimelichapa mara nyingi kwenye orodha ya watumishi, lakini halitakusaidia kitu. Ukitaka kumjua, kwanza ujue mitaa.

Katikati ya Moshi mitaa imekatana kwa mraba. Mmoja unapanda kuelekea mlimani, mwingine unaukata kwenda ubavuni. Kwa Tarishi maneno yalikuwa hayo tu, kupanda, kushuka na kukata. Kaskazini na mashariki aliwaachia wenye vitabu. Kipande cha mtaa kutoka njia panda moja hadi nyingine alikiita kona, na kila kona aliijua kwa hatua zake: hii mia na arobaini, ile mia na hamsini na mbili, ile ya nyuma ya soko ndefu kuliko zote kwa sababu aliyeupima mji, alisema, alifika pale akiwa na njaa. Barua ikitoka mezani kwangu kwenda stesheni ya reli, aliitazama bahasha kama watu wengine wanavyotazama saa. "Hii ni kushuka kona sita, kukata kona mbili." Kisha huyo, ameondoka, na mlango bado unacheza.

Mfukoni alikuwa na maharage. Kila zilipotimia hatua mia, harage moja lilihama kutoka mfuko wa kulia kwenda wa kushoto. Jioni aliyamwaga juu ya dirisha langu, akayahesabu, akaandika kwenye daftari la shule, akayarudisha mfukoni. Yalikuwa maharage yale yale mwaka hadi mwaka, yameng'aa kwa jasho lake. Wasichana wa masijala walisema siku njaa ikiingia mjini tutachemsha suruali ya Tarishi.

Kwa sababu ya hesabu hizo hakusalimiana na mtu njiani kama watu wengine. Ukimwamkia shikamoo aliinua kidole kimoja juu, midomo ikiendelea kucheza, akakupita. Marahaba yako uliipata mwisho wa kona, akigeuka na kukupigia kelele kutoka mbali. Wageni walidhani ana kiburi. Sisi wenyeji tulijua marahaba ipo, inakuja.

Alikuwa mbishi, na mbishi humpata mbishi mwenzake. Mwenzake alikuwa fundi wa magari, Singasinga mwenye ndevu nyeupe, aliyezaliwa papo hapo Moshi na kukijua Kichagga cha kutukania vizuri kuliko wengi wetu. Ubishi wao ulikuwa huu. Tarishi alisema kutoka karakana ya fundi hadi sokoni ni kupanda kona sita na kukata kona nne, jumla kumi, na uzipange utakavyo hazipungui. Fundi alisema huo ni ujinga wa mtu asiyeshika spana. Ukipanda moja, ukakata moja, ukapanda moja, ukakata moja, unakwenda kama ngazi, unakaribia mshazari, na mshazari ni mfupi.

"Ngazi si kamba, Bwana Fundi," Tarishi alimwambia. "Ukiivuta hainyooki."

Basi alasiri moja fundi akafunga kitambaa chekundu kwenye gurudumu la mbele la baiskeli, ili wahesabu mizunguko. Tarishi akaisukuma kwa njia yake, kona sita zote kwanza, halafu nne. Fundi akaisukuma kwa ngazi yake, mtaa mzima unamfuata. Mizunguko ya fundi ikapungua. Alicheza pale sokoni, mzee mzima na kilemba chake, mpaka wauza vitunguu wakampigia vigelegele. Kesho yake Tarishi akarudi na jibu: fundi kila alipofika njia panda aliivuka kwa mshazari, hakufuata ukingo. Wakarudia, kila mtu ukingoni, askari wa usalama barabarani akiwa mwamuzi. Zikalingana, na Tarishi akamtabasamia fundi. Fundi alitoa chai na mandazi kama walivyoahidiana, lakini alishikilia mpaka mwisho kwamba barabara ina upana wake, na mtu mwenye akili huutumia.

"Hayo ni mambo ya pembeni," Tarishi aliniambia. "Hesabu haiangalii upana."

Nilicheka. Nikikumbuka sasa, sicheki tena.

Msemo wake mkubwa ulitoka hapo: mjini njia haifi. Ukimwambia mtaa fulani umefungwa, wanachimba bomba, alifurahi kama umempa zawadi. "Ikifungwa hii nakata ile. Hesabu ni ile ile." Alipenda mji kwa sababu hiyo. Jumapili baada ya ibada, ambayo aliisikiliza akiwa amesimama mlangoni, alishuka mpaka Mabogini kutembea juu ya matuta ya mashamba ya mpunga, kwa raha zake tu, kwa sababu nayo yamekatana kwa mraba. Alirudi na matope mpaka magotini na uso wa mtu aliyetoka harusini.

Kitu kingine. Alichukua hatua za kila siku na kuzihamishia kwenye ramani ya nchi iliyokuwa ukutani kwa bwana mkubwa. Jumatatu ukimuuliza, "Tarishi, leo uko wapi?" alijibu, "Bado sijaiona Himo." Jumatano ameipita Himo. Wiki iliyofuata yuko Same anasumbuliwa na vumbi, na mwezi ukiisha yuko Korogwe analalamikia joto. Serikali ilipotangaza itahamia Dodoma, Tarishi alishafika huko na kurudi, na hakupapenda. Alisema hakuna ndizi. Na katika safari zote hizo hakuvuka hata daraja la Karanga, pale ukingoni mwa mji. Mimi nilitamani kuondoka Moshi tangu wiki ya kwanza niliyofika. Nilikuwa na ndoto za Dar es Salaam, za Tanga, za popote. Lile swali, leo uko wapi, nililiuliza kila jioni, na jibu lake lilinipa hamu na kunituliza kwa pamoja. Sijui nilieleze vipi zaidi ya hivyo.

Adui yake lilikuwa neno moja. Huku kwetu mlimani ukiuliza kama ni mbali, unajibiwa "hapo tu." Hapo tu inaweza kuwa nyuma ya mgomba huu. Inaweza kuwa mwendo wa kutoka ibada ya asubuhi hadi chakula cha mchana. Tunalisema kwa huruma, maana hutaki kumvunja moyo mtu mwenye mzigo kichwani. Tarishi naye alikuwa mtu wa mlimani, tena amelelewa na hapo tu kama sisi, lakini ukilitamka mbele yake alikasirika kweli kweli.

"Hapo tu ni ngapi?"

Siku moja alikuja bibi kutoka Mkuu, Rombo, na kuku wawili, anamtafuta mwanawe anayekaa mtaa wa Soweto. Mlinzi wetu akamwelekeza kwa kidevu. "Soweto? Hapo tu, bibi."

Tarishi alimrukia. "Hapo tu ni ngapi? Sema! Bibi huyu amesimama ndani ya basi tangu alfajiri, wewe unampa hapo tu. Atakula hapo tu? Atakalia hapo tu?" Akamnyang'anya bibi wale kuku, akawashika miguu, akatembea naye mpaka Soweto, akahakikisha mwana amepatikana. Huyu ndiye mtu aliyekataa kumnunulia bwana mkubwa sigara dukani, ng'ambo ya barabara, kwa madai kwamba kona zake ni za Serikali. Ofisi ilimpa baiskeli, aliisukuma. Alisema magurudumu yanameza hatua. Chumbani kwake alikuwa na kiti kimoja, cha wageni.

Naona nimezunguka sana kama yeye. Ni kwa sababu ninakokwenda sikupendi. Ngoja nifike.

Kijiji chetu kimekaa juu ya migongo miwili ya mlima, na katikati ya migongo hiyo kuna korongo refu. Ukisimama kwetu utamwona jirani wa mgongo wa pili anapalilia kahawa, utamsalimia, atakujibu. Kumfikia ni jambo jingine. Katikati ya mteremko palikuwa na daraja la magogo. Chini kabisa, kwenye barabara kubwa, kuna daraja la zege. Hakuna pengine pa kuvukia.

Miaka hiyo kila kijiji kilitakiwa kuwa na zahanati, na wananchi waijenge kwa mikono yao. Afisa mmoja, kijana mpole aliyesoma, alichukua ramani na bikari akachora duara. Katikati ya duara akaweka nukta: chini, barabarani, jirani na daraja la zege. Nyumba zote za kijiji zilikuwa ndani. Akaniletea barua niichape, ramani ikabaki mezani kwangu. Tarishi akainama dirishani.

"Nani anakaa ndani ya duara hili?"

"Watu wa kwetu, Mzee. Mama yangu yumo. Mdogo wangu Aika yumo."

"Hili ni duara la kunguru. Mama yako anaruka?"

Akachukua likizo yake, ambayo miaka yote aliitumia kutembea mji ule ule bila barua, akapanda kijijini. Alifikia kwetu. Mama alimpikia mtori wa ndizi, akaula amesimama mlangoni, mama akaniambia mgeni wako ananifanya nione haya kwa kukaa nyumbani kwangu mwenyewe. Alikwenda nyumba kwa nyumba akigawa maharage na kuwafundisha watu: hatua mia, hamisha moja. Kila nyumba ihesabu mwenyewe, kwa miguu ya mwenye nyumba. Aliyemshinda kila mtu ni Aika, mdogo wangu, aliyekuwa ameolewa nyumba ya tatu kutoka kwetu. Alikuwa mwepesi wa miguu na asiyekubali kushindwa. Alihesabu huku amebeba ndoo. Tarishi alisema angekuwa mwanaume angemwachia mtaa wa stesheni, na Aika akamjibu kwani stesheni wanaogopa wanawake?

Hesabu zikatoka. Nukta ya afisa iliwashusha watu wa juu wa migongo yote miwili mpaka barabarani, na mgonjwa hupanda kurudi. Lakini zahanati ikiwekwa katikati ya mteremko, mgongo wa pili, kichwani mwa daraja la magogo, maharage ya karibu kila nyumba yanapungua nusu. Ilikuwa hesabu safi. Niliichapa mwenyewe, kwa fahari, nikaacha nafasi pana pembeni.

Mkutano ulifanyika uwanja wa shule. Afisa aliona vibaya, lakini watu walimwambia wazi hawatabeba mawe kushuka barabarani. Ilikuwa kama imekwisha. Ndipo mama yangu akasimama.

"Na masika?"

Tarishi akatabasamu, tabasamu lile lile alilompa fundi sokoni. "Mama, njia haifi. Ikifungwa hii, mtu anakata ile. Hesabu ni ile ile."

Watu wakapiga makofi. Mama hakupiga. Alikuwa bado amesimama, mdomo wazi, ana neno la pili. Nami nilikuwa nimekaa meza kuu na karatasi zangu, mtu wa ofisi, nikaona aibu. Nikamwambia kwa Kichagga, kwa sauti ya chini, akae. Akakaa.

Neno lake la pili halikuwa gumu. Kila mtu wa mlimani analijua: mlimani njia za kupanda na kushuka ni nyingi, ya kukata ni moja, na ile moja ni magogo matatu. Tarishi alilijua kabla hajajua kusoma. Mji ulikuwa umemsahaulisha. Na mimi, ambaye mama yangu alikuwa amesimama mbele yangu akijaribu kunikumbusha, mji ulikuwa umenisahaulisha zaidi.

Zahanati ilijengwa. Mwaka wa kwanza ulikuwa mzuri, nisiudanganye moyo. Wanawake walivuka na watoto mgongoni wakarudi kabla ndizi hazijaiva jikoni, na kila mtu alimsifu Tarishi. Masika ya pili yaliyachukua magogo asubuhi moja, yote matatu. Siku ya tatu Aika alishikwa na uchungu, mtoto amekaa vibaya, mkunga wa pale nyumbani akasema mpelekeni.

Zahanati ilionekana kutoka uani kwetu. Bati lake lilikuwa ng'ambo tu, unaweza kusikia mlango wake ukifungwa. Ilibidi wamshushe mgongo wote mpaka barabarani, wavuke zege, halafu wampandishe mgongo wa pili. Kama ingekuwa pale afisa alipoweka nukta yake ya bikari, wangekuwa wamefika walipofika chini. Walimbeba kwa machela ya blanketi, mama akifuata nyuma. Kupanda, matope yakawashinda wanaume, wakaanguka naye mara mbili, Aika akasema niacheni nitembee. Alitembea. Kwenye kipinda chenye mti wa mringaringa akazaa mtoto wa kiume, na mtoto hakulia.

Tarishi alikuja msibani kwa miguu kutoka mjini. Alisimama kwenye migomba, mbali na watu, maji ya mvua yanamtiririka. Nilipompita na sufuria akanishika mkono.

"Mwanangu, alitembea hatua ngapi?"

Leo najua alikuwa anauliza kitu kingine. Siku ile nilisikia hesabu tu. Nikamwambia, watu wakisikia, "Hesabu zako ndizo zimemzika mtoto. Kahesabu kaburi lake, ni fupi."

Mimi ni mtu wa hasira za karibu, huwaka na kuzima. Ile haikuzima. Niliilinda, kwa sababu kila ilipofifia niliiona sura ya mama akikaa chini pale uwanjani, na hilo sikuweza kulivumilia hata dakika moja. Ilikuwa rahisi kumchukia Tarishi. Tukaendelea kufanya kazi ofisi moja miaka mingine kama saba. Alichukua barua mezani kwangu, nami nilizisukuma bila kuinua macho. Hakumwaga tena maharage dirishani. Sikumuuliza tena yuko wapi. Alizidi kutembea, watu walimwona hata siku za sikukuu, mji umefungwa, anapanda na kukata bila barua mkononi. Alipostaafu ofisi ilimpa kiti cha mbao chenye mikono, watu wakacheka kwa nia njema. Alikibeba kichwani mpaka chumbani kwake Soweto.

Nilikutana naye mara ya mwisho ule wakati ambao kipande cha sabuni kilipangiwa foleni. Nilikuwa likizo nyumbani. Yalikuwa masika, magogo yalikuwa yameondoka tena wiki hiyo, na mto ulisikika mpaka jikoni. Nikamwona anapanda njia ya kwetu na fimbo, amevaa koti la mvua la ofisi, limechanika bega. Alikuwa amezeeka mpaka nikaogopa.

"Shikamoo, Mzee."

Akainua kidole kimoja. Midomo ilikuwa inacheza. Alipofika chini ya upenu wa nyumba akageuka kwangu. "Marahaba, mwanangu." Lakini hakuja kwangu. Alimtazama Aika, aliyekuwa anamenya ndizi, watoto wake watatu wamemzunguka.

"Mama," akamwambia, yeye aliyekuwa sawa na baba yetu kwa umri, "nimekuja kukuomba ile njia. Nimesubiri daraja liondoke. Usiponipeleka nitaelewa, nitarudi."

Nikafungua mdomo. Aika akanitazama mara moja, nikaufunga. Akaweka kisu chini, akanawa, akajifunga kitenge kichwani.

"Twende, meku." Ndivyo tunavyomwita mzee kwa Kichagga, yule tunayemheshimu.

Tulishuka, Aika mbele, Tarishi katikati, mimi nyuma na mwavuli usiomfunika mtu. Alikwenda polepole. Kila baada ya muda mkono wake uliingia mfuko wa kulia, ukatoka, ukaingia wa kushoto. Pale kwenye daraja la zege alisimama kupumua, na nikaona kama sisemi sasa sitasema tena.

"Mzee, siku ile ya mkutano mama alikuwa na neno la pili. Mimi ndiye niliyemkalisha."

"Nilisikia," akasema. "Kichagga nakijua." Akaufuta uso kwa kiganja. "Nilifurahi ulipomkalisha."

Maji yalipita chini yetu na matawi na maganda ya migomba. Nikamuuliza swali letu la zamani, sauti yangu mwenyewe ikanishangaza. "Leo uko wapi?"

"Nipo hapa hapa kwenu, mwanangu. Tangu mwaka ule sijatoka korongo hili."

Tukaanza kupanda mgongo wa pili. Njia ilikuwa tope tupu. Aika hakumshika mkono wala hakumngoja sana. Alitembea mwendo wake, akisimama pale alipokuwa amesimama, nadhani, maana alisimama mahali ambapo hapakuwa na sababu ya kusimama. Tarishi alisimama kila aliposimama yeye. Tulipofika kwenye kipinda chenye mringaringa, mkono wake ulikuwa umetoka mfukoni na harage moja katikati ya vidole. Ukabaki hewani.

"Nimepotewa," akasema.

Nilikuwa nimemjua mtu huyu katika mvua, katika homa, katika vurugu za soko, na sikuwahi kumsikia akitamka neno hilo. Alilitazama harage kama lingemwambia liende mfuko upi.

"Hesabu nilikuwa nayo sasa hivi. Nilikuwa nayo pale chini."

"Hata mimi nilipotewa hapa," Aika akasema.

Tulimgeukia wote wawili.

"Nilikuwa nahesabu," akasema. "Ulinifundisha wewe. Nilihesabu ili nisipige kelele, mama asisikie. Nilifika hapa, sabini na ngapi sijui, halafu sikuhesabu tena."

Tarishi akaangalia nyuma yake. Palikuwa na jiwe chini ya mti, limelowa. Akalishika kwanza kwa mkono, akageuka, akajishusha juu yake kidogo kidogo, magoti yakimkatalia, mpaka akakaa. Akaiweka fimbo mapajani. Akalia, bila kujificha, na Aika akachuchumaa kando yake akamwekea mkono mgongoni, pale koti lilipochanika. Mimi nilisimama na mwavuli wangu.

Mvua ilipopungua akajifuta. Akainua uso kuelekea juu, kulikokuwa na migomba na ukungu na hakuna bati lililoonekana.

"Mpaka zahanati kumebaki ngapi, mama?"

"Hapo tu, meku."

Nilingoja aulize. Akaitikia kwa kichwa, akafumba mkono juu ya lile harage, akaendelea kukaa.